Aliyemwachisha Gathogo Vidonge

Nyinyi wa kwaya mmenichosha. Kila Jumapili nikitoka ibadani mmoja ananishika mkono, "Mwalimu, ati mlienda mlimani kwa mganga?" Nikianza kusimulia anakuja mwingine, narudi mwanzo. Basi nimekaa chini nikaandika. Someni, mpitishiane, halafu tuendelee na nyimbo za Krismasi.

Kwa wasiomjua, Gathogo ni ndugu yangu, kitinda mimba wa mama yetu, fundi wa kuchomelea mageti hapa Kitale. Ana kifafa tangu ujana. Vidonge vya kliniki vilikuwa vimemtuliza, akakaa miaka miwili bila kuanguka hata siku moja, mpaka sisi wenyewe tukaanza kusahau. Mwaka huu akaanza kuanguka tena. Mara ya tatu aliangukia chuma alichokuwa ametoka kukichomelea, mkono ukaungua kuanzia kiwiko. Siku hiyo niliogopa kweli.

Daktari alimuuliza kama anameza vidonge. Akatazama mkono wake ulioungua. Nilipomtolea macho ndipo akasema aliacha, kwamba siku hizi anakunywa unga wa miti, kijiko kimoja kwenye uji kila asubuhi. Nikamuuliza ni nani aliyemwambia aache vidonge.

"Niliambiwa."

Na nani?

"Niliambiwa tu, Mwalimu."

Daktari alieleza kwamba kuacha vidonge ghafla ndiko kulikomrudisha chini, avianze leo hii. Gathogo akakataa. Alisema mkebe wa unga haujaisha, na hawezi kuanza dawa nyingine mpaka uishe au mwenye dawa amruhusu. Hapo msimcheke. Ndivyo tulivyolelewa. Mama yetu alizika mtoto aliyepewa dawa mbili kwa siku moja, na tangu hapo nyumbani kwetu dawa ikianzwa inamalizwa ndipo nyingine ifuate, hata iwe ya kikohozi. Sisi watoto hatukuwahi kubishana na hilo, na mkebe wenyewe ulikuwa bado una unga mwingi.

Daktari akaona hakuna njia. Akanipa vidonge vya mwezi mzima, akasema nitafute mwenye dawa, na nikimpata nichukue tawi la huo mti lenye majani, kwa sababu kwa unga hakuna anayeweza kujua ni kitu gani. Akanielekeza kwa mwalimu mmoja wa mimea kule Bungoma mjini ambaye angeutambua. Nilitoka pale nimekaza kilemba. Nilikuwa na nia mbili: Gathogo ameze vidonge, na huyo mtu aliyemwachisha nimwone kwa macho yangu, anisikie.

Kiminini

Gathogo alisema mkebe aliununua Kiminini, kwa mama mmoja anaitwa Mama Nekesa, anauza maharagwe na njugu karibu na stendi. Nilikuwa nimejipanga. Nilivaa miwani yangu ya kusomea, nikaweka faili la kliniki kwapani, nikamwacha Gathogo nje, nikaingia dukani na kuuliza kwa sauti ya darasani ni nani hapa anauza dawa za kifafa.

Mama Nekesa alitazama faili, akatazama miwani, akasema yeye anauza maharagwe tu. Nikamwambia nina ushahidi. Akasema samahani, anaenda matanga, na kabla sijageuka vizuri mlango ulikuwa umefungwa na kufuli juu. Alidhani nimetumwa na watu wa afya ya umma kuja kumfungia duka!

Tulikaa masaa mawili kwenye benchi la hoteli ya jirani. Mandazi yao yalikuwa ya jana lakini chai ilikuwa na maziwa ya kutosha, nikanywa vikombe vitatu kwa hasira. Gathogo alikuwa anachora mageti kwa kidole kwenye meza yenye vumbi. Mwishowe akasimama, akazunguka nyuma ya duka, akabisha hodi kwa upole. Muda si muda akanipungia mkono. Mama Nekesa hakuwa ameenda matanga yoyote, alikuwa ndani anachagua maharagwe.

Alipojua kwamba mimi ni dada wa mgonjwa alilegea, akatupa njugu. Alisema yeye alimwambia Gathogo kijiko kimoja asubuhi, basi. Habari ya vidonge hakuiuliza wala hakuambiwa. Mimi sikumwamini hata kidogo. Nilimwambia kwamba watu wanaungua kwa sababu ya maneno ya wauzaji, na kama angekuwa mwanafunzi wangu angejua leo. Mama wa watu akainamisha kichwa.

"Twende, Mwalimu," Gathogo akasema. "Si yeye."

Ningekuwa na akili siku hiyo ningemuuliza amejuaje. Nilikuwa nimeshika njia tayari, kwa maana Mama Nekesa alikuwa ametuambia unga unasagwa Naitiri.

Naitiri

Tulifika Naitiri mchana, jua limewaka. Posho mill tuliyoelekezwa ilikuwa inanguruma, na mwenyewe, mwanamume wa makamo anaitwa Wekesa, alikuwa mweupe kwa unga mpaka kwenye nyusi. Akinamama walikuwa kwenye foleni na madebe yao. Nikajipenyeza mbele nikaanza kumuuliza. Hakusikia kitu. Nikaongeza sauti. Naye akadhani nataka kusaga kabla ya wenzangu, akaniambia kwa ishara nirudi nyuma nipange foleni kama watu. Akinamama wakaunga mkono. Mimi, mwalimu mstaafu, nikarudishwa mkiani.

Hapo ndipo Gathogo alipoanguka.

Nimeona mara nyingi na bado sijazoea. Alitoa ile sauti, akaenda chini kwa ubavu, miguu ikaanza kupiga. Foleni ilitawanyika. Mmoja akasema msiguse povu, linaambukiza. Mwingine akaja mbio na kijiko ati atiwe mdomoni asijing'ate ulimi, na mzee mmoja akavua kiatu cha kumnusisha. Niliwafukuza wote wawili, mwenye kijiko na mwenye kiatu.

Kelele za mashine zikakoma. Wekesa alikuwa amezima injini. Alikuja na magunia matupu, akamwekea Gathogo kichwani, akamlaza kiubavu, akamfuta mdomo kwa shati lake mwenyewe mbele ya watu wote. Kisha akachuchumaa hapo akimsubiri. Aliniambia mama yake alikuwa na ugonjwa huo na hakuna aliyewahi kuambukizwa, na akina mama wa foleni walikuwa wanasikia.

Gathogo alipozinduka hakujua yuko wapi. Wekesa alituchukua kwake nyumbani, hatua chache tu, akamlaza. Mimi badala ya kushukuru nikamgeukia na swali langu la vidonge. Alinijibu bila kukasirika. Yeye anasaga tu mizizi inayoletwa na mtu wa Kapsokwony, hajui hata jina la mti, na mama yake alikuwa akimeza vidonge vya hospitali mpaka alipofariki kwa uzee. Angemwambiaje mtu aache?

Jioni mapema walituchinjia kuku. Sasa sikilizeni. Safari ni yangu, faili ni langu, maswali nimeuliza mimi, lakini firigisi ilikwenda kwa Gathogo kwa sababu ndiye mgeni mwanamume. Yeye aliyekuwa amelala mchana kutwa! Alinitazama akatabasamu kwa mara ya kwanza tangu tutoke Kitale, akaila yote. Nilifurahi kumwona akila, ingawa sikumwambia.

Kupanda Kapsokwony

Asubuhi tulipitia Kimilili. Mvua ilikuwa imenyesha huko juu na hakuna gari lililotaka kupanda. Tulingoja hadi saa tano, ndipo kijana wa boda akasema yeye anaweza, matope hayo ni kawaida. Sasa Gathogo atapandaje boda, na akishikwa njiani? Nikavua leso yangu, nikamkalisha katikati, mimi nyuma, nikajifunga naye kiunoni kwa mafundo mawili.

"Mathe," yule kijana akauliza, "huyu ni abiria ama ni mzigo?"

Nikamwambia ni vyote viwili, aangalie barabara. Tuliteleza mara tatu na mara moja tukashuka tukasukuma, tukiwa bado tumefungwa pamoja, na watoto wa shule wakatufuata wakicheka. Gathogo naye alicheka mpaka akashika mbavu. Milima yote ilikuwa ya kijani, vitunguu na kabichi hadi kwenye ukingo wa barabara, na baridi ilikuwa inauma masikio.

Kwa Kwemoi

Mwenye dawa anaitwa Kwemoi. Nilikuwa nimejiandaa kukutana na mzee wa ngozi na vibuyu. Nikakuta mwanamume wa rika langu, amevaa gambuti na koti la mvua, anapalilia vitunguu huku redio ikisoma habari. Alitusikiliza, akaenda nyuma ya nyumba, akarudi na tawi la kijani lenye majani madogo madogo.

Nililipokea kwa mikono miwili kama nilivyofundisha watoto kwa miaka thelathini, nikasema asante sana.

Kwemoi akalichukua tena. Alilitoa mikononi mwangu polepole, akalitupa juu ya ua, akarudi kwenye vitunguu vyake. Nikadhani anataka kitu kidogo, nikafungua mkoba. Akakataa kwa kichwa. Nikadhani nimemdharau, nikamwomba msamaha na kumshukuru tena kwa kutupokea, na hapo nikaharibu kabisa. Ikabidi mke wake anivute kando anieleze kwamba dawa haishukuriwi. Ukisema asante umeiua. Na sasa mzee hawezi kukata tawi lingine mpaka tule na jua lisogee.

Basi tukala. Ugali wa wimbi, mboga za kienyeji zilizolala kwenye maziwa, na maziwa ya mala ya kwenye kibuyu yenye vumbi la mkaa. Nilikunywa nikifumba macho kikombe cha kwanza, cha pili nikaomba mwenyewe.

Tukiwa bado tunakula aliingia msichana wao mkubwa, Chemutai, ametoka shambani. Mama yake akamwekea kando ya sahani kidonge cheupe. Nilikitambua mara moja. Ni kile kile cha Gathogo.

Nilisahau adabu, nikauliza. Kwemoi akasema ndiyo, binti yake huanguka pia, na yeye mwenyewe humpeleka kliniki kila mwezi. Nikamuuliza, sasa huo unga wako? Akasema mti huo alirithi kwa baba yake, wakati ambapo kushuka hospitali kulikuwa safari ya siku nzima na mgonjwa amebebwa. Unapunguza kwa wengine, kwa wengine haufanyi kitu, na kumaliza hajauona ukimaliza. Majani yake humfukizia Chemutai baada ya kuanguka, kwa ajili ya kichwa na maumivu ya mwili. Wanaokuja kwake kuutafuta huwapa. Kumwachisha mtu vidonge hajawahi.

Nikaweka kijiko chini. Nikasema basi kuna mwongo kati ya hapa na Kitale, maana Mama Nekesa amekana, Wekesa amekana, na wewe umekana. Nilikuwa nimepandisha sauti. Kwemoi hakunijibu mimi. Alimgeukia Gathogo.

"Ni nani alikwambia uache?"

Gathogo akasukuma sahani yake kando.

"Ni Mwalimu," akasema.

Nilitaka kucheka. Halafu akaendelea, taratibu, bila kunitazama. Siku aliyoleta mkebe nyumbani hakutaka kuanza bila kuuliza mtu. Akanipigia simu. Akaniuliza, dada, nikianza dawa nyingine na bado nina ya kwanza, nichanganye? Nami nikamjibu asichanganye, aache hiyo ya kwanza, amalize hii. Akaacha.

Nikaikumbuka. Wallahi niliikumbuka simu hiyo yote, mpaka mahali nilipokuwa nimesimama. Nilikuwa stoo ya mahindi nabishana na mtu kuhusu magunia yenye unyevu. Wiki hiyo Gathogo alikuwa na homa, nikadhani ananiuliza dawa za mafua, ya kwanza imeshindwa. Nilijibu kwa sauti yangu ile ya uhakika mnayoijua, ile ninayowasahihishia noti, nikakata simu nikarudi kwenye magunia. Sikuuliza ni dawa gani.

"Kwa nini hukusema ni ya miti?" nikamuuliza.

"Wewe ndiye ulitufundisha kanisani ati anayeenda kwa waganga amemwacha Mungu. Ningesemaje?"

Tangu Kitale alikuwa anajua. Alinitazama nikimgombeza Mama Nekesa, nikimhoji Wekesa aliyemfuta povu, na akanisitiri. Nililia pale mezani, machozi yakaingia kwenye mboga za watu, na mke wa Kwemoi akajifanya anatafuta chumvi.

Nilipofuta macho nikamwomba Kwemoi amruhusu ndugu yangu arudi kwenye vidonge, maana ndicho alichokuwa anasubiri. Kwemoi akatikisa kichwa.

"Mama, mimi sikumfunga. Siwezi kumfungua. Huyo alimwambia aache ndio amwambie arudi."

Mimi huwa sikosi maneno. Siku hiyo niliyatafuta moja moja. "Gathogo," nikasema, "nilikosea. Meza vidonge. Ule unga uache."

Akaingiza mkono kwenye mfuko wa shati, akatoa bahasha ndogo ya kliniki, imekunjika na kulowa jasho. Vidonge nilivyopewa na daktari nilikuwa nimeviweka kwenye faili. Hivi vilikuwa vyake, vya zamani, alivyobaki navyo siku aliyoacha. Alikuwa amevibeba safari nzima. Nilimpa vya kwenye faili, vipya. Akachukua kidonge kimoja, akakimeza na maji, kando ya Chemutai aliyekuwa anameza chake.

Jua lilikuwa limesogea. Kwemoi akakata tawi lingine, akaniwekea mikononi. Niliuma midomo. Nadhani hakuna kitu kigumu nimewahi kufanya kama kutomshukuru mtu yule. Niliondoka kimya hadi kwenye geti, na nilipogeuka alikuwa anacheka.

Bungoma, kisha nyumbani

Tulilala Kimilili, kesho yake tukashuka Bungoma. Tawi lilikuwa kwenye mkoba wangu, limefungwa gazeti, na kila nilipofungua kutafuta kitambaa harufu ilinipiga, tamu na kali. Niliijua lakini sikuweza kusema ni ya wapi. Tulipofika sokoni Bungoma nikakumbuka. Guka, babu yetu, alikuwa akishika matawi hayo mkononi akienda baraza la wazee. Sisi kwa lugha yetu tunauita mũtathi. Mama alikuja nao kutoka Nyeri wakati walipohamia Trans-Nzoia, na hadi leo umesimama nyuma ya banda lake la mbuzi. Siku tatu tumezunguka kuutafuta.

Mwalimu wa mimea, mama mpole anaitwa Nafula, alifikicha jani akanusa, akatabasamu. Alisema mti huo anaujua, na sehemu nyingi wanautumia kwa watu wanaoanguka. Hakuuita uongo. Alisema iko miti inayotuliza na iko inayochokoza, na mti mmoja unaweza kufanya yote mawili kulingana na sehemu iliyokatwa na wingi wake, na kwa unga wa kijiko hakuna anayejua umekunywa kiasi gani. Akamwomba Gathogo asiuchanganye na vidonge kwa kujikadiria, na chochote anachokunywa amwambie daktari, hata akidhani kitamkasirisha dada yake. Gathogo alinitazama. Nikatazama dirisha.

Nilimshukuru sana mama huyo. Kwake ilikuwa inaruhusiwa.

Njiani kurudi nilishuka Kiminini peke yangu, nikaingia kwa Mama Nekesa bila miwani na bila faili, nikamwomba radhi mbele ya wateja wake. Akanijazia maharagwe akakataa katakata kulipwa. Wekesa nilimpigia simu. Alikuwa anasaga, hakusikia vizuri, akasema sawa tu.

Tangu hapo Gathogo ameanguka mara moja, wiki ile ya kwanza. Baada ya hapo hapana. Mashine ya kuchomelea bado daktari hajamruhusu, na inamkera sana, lakini anapaka mageti rangi na kuwasimamia vijana, na mkono umepona umebaki na kovu. Mkebe tuliupeleka kwa mama yetu, akaumwaga chini ya mti wenyewe.

Sasa mnajua. Mlikuwa mkiniuliza ni nani aliyemwachisha ndugu yangu vidonge, nami nilikuwa nageuza maneno hapo nje ya kanisa kwa sababu ya aibu. Ni mimi.

Jioni Gathogo hunipigia simu akishameza vidonge. Juzi aliniambia, "Mwalimu, nina kikohozi, nikunywe dawa?" Nilikuwa jikoni, sufuria inachemka, jibu liko tayari mdomoni kama kawaida yangu. Nikazima jiko. Nikavuta kiti nikakaa.

"Dawa gani?" nikamuuliza.

Akacheka mpaka akakohoa, kisha akaanza kunisomea kikaratasi, neno kwa neno, na mimi nikasikiliza mpaka mwisho.